Wito wa Mughwai

“Nimeshakwambia hiyo si kesi yangu. Hata ukisimama hapo mpaka jua lizame, haitakuwa yangu,” alisema hakimu Simeoni.

“Basi niambie ni ya nani,” Luciana akamjibu. “Bwana Shauri yuko safarini Kiomboi. Polisi wanasema wao wanachunguza, hawahukumu. Wewe unasema unahukumu, huchunguzi. Mume wangu yuko katikati yenu anaoza.”

Watu waliokuwa kwenye mabenchi wakaguna. Haikuwa kawaida mwanamke kuzungumza na hakimu namna ile, tena akiwa na mtoto mgongoni na vumbi la njiani mpaka magotini. Karani Urbano akainamisha uso mezani, mabega yakimtikisika kwa kicheko. Ukutani, picha ya mfalme aliyekwisha kufa ilikuwa bado imening’inia, kwa sababu ya malkia mpya ilikuwa haijaletwa.

Hakimu hakukasirika, na hilo ndilo lililomkatisha Luciana tamaa zaidi. Mtu mwenye hasira huweza kushindwa. Simeoni alimweleza polepole, kama mtu anayemweleza mgonjwa kwamba dawa imekwisha. Mwaka uliopita wazazi wa kijana mmoja walimlilia hivihivi, akaingiwa na huruma, akamtumia sajini neno kwamba kijana aachiwe angoje nyumbani. Kijana hakungoja. Alivuka mbuga ya Wembere na ng’ombe wa mjane, na mjane yule hadi leo anaomba maziwa kwa majirani. Bwana Shauri, mkuu wa wilaya, alimkemea Simeoni mbele ya baraza zima, akamwambia kwamba polisi akiwa bado anatafuta, mahakama inakaa kimya.

“Mafahali wawili hawakai zizi moja, mama Kristina,” alimaliza hakimu.

“Na fahali mmoja akimkanyaga ndama mpaka afe, yule wa pili anatazama tu?”

Hakimu akafunga faili lililokuwa mbele yake. Kisha akasema kwamba baraza lina nguvu juu ya mtu mwenye shauri barazani, basi. Mughwai, mume wa Luciana, hakushtaki wala hakushtakiwa pale. Mtu wa namna hiyo hawezi kumwita, hata angekuwa ndugu yake wa tumbo moja. Akampungia karani mkono, shauri jingine likaitwa.

Luciana akarudi kwenye benchi la nyuma alipokuwa ameketi shemeji yake Antipasi, mdogo wa mumewe. Antipasi alimnong’oneza kwamba amewaaibisha.  Luciana alikuwa akitazama mbele bila kuona, huku mwanamke mmoja wa upande wa Ikungi akisimama kumdai mumewe talaka. Mume yule alikuwa kibarua wa kuchonga barabara, na msimamizi wa kambi alikuwa ameapa kwamba hatamtoa mpaka kazi iishe. Tarishi wa baraza alimfuata hukohuko na kumleta na koleo mkononi. Msimamizi alikuja nyuma akilalamika, na hakimu akamwambia anyamaze. Mke akimwita mumewe barazani, alisema, hakuna kambi ya kumficha. Hata angekuwa kifungoni angeletwa.

Shauri lilikwisha upesi. Mwanamke alisema neno lake, karani akaandika, ndoa ikavunjwa. Walipotoka, mwanamke alipita mlango wa kulia peke yake. Watoto walipita wa kushoto, wameshikwa mikono na bibi yao mzaa baba. Mdogo wao aligeuka nyuma mpaka akajikwaa.

Luciana akafunga mbeleko vizuri, akabeba bakuli lake la ugali wa uwele na mlenda, akaenda kituoni.

Jambo lenyewe lilikuwa hivi. Ng’ombe walikuwa wameibwa vijiji vya jirani, wengi, na watu walikuwa wanawasumbua polisi kila siku. Sajini akaanza kupita boma kwa boma akitazama masikio ya mifugo. Katika zizi la Mughwai akakuta ng’ombe watatu ambao alama zao za sikio hazikuwa za ukoo wake. Akauliza ni wa nani. Mughwai akasema hawezi kusema.

Mtu yeyote wa pale angeelewa. Mtu mwenye ng’ombe wengi hawaweki wote kwake, wakaonekana na kila jicho, wakaombwa na kila shemeji, wakafa wote kwa ugonjwa mmoja. Huwagawa na kuwaweka kwa watu anaowaamini, mbali. Anayewekewa hukamua maziwa na kutia samadi shambani, na uwele wake hustawi. Malipo yake kwa mwenye ng’ombe ni kufunga mdomo. Hamtaji kwa jirani wala kwa ndugu. Hamtaji hata kwa mkewe. Luciana alikuwa amekamua ng’ombe wale mvua nyingi, akawapa majina, akamtibu mmoja jicho, na hakujua ni wa nani.

Tangu Mughwai akamatwe alikuwa amezunguka kuuliza. Huenda mwenyewe yuko Ikungi, huenda yuko Ulemo. Huenda hajasikia, na huenda amesikia akaziba masikio, kwa maana akijitokeza, ndugu zake wote watajua ana mali. Kila alikobisha hodi alipewa kigoda na togwa, lakini jina hakupewa.

Kituo kilikuwa kibanda cha mawe kando ya barabara ya Manyoni, na upepo wa kiangazi ulikuwa ukikipiga kwa mchanga. Sajini alikuwa mtu wa mbali, mrefu, mwenye macho ya kukosa usingizi. Hakuwa mkorofi kwa Luciana. Alimwambia aketi. Akamwambia pia, kama alivyomwambia kila mara, kwamba Mughwai akitaja jina moja tu, yeye mwenyewe atamfungulia mlango.

“Ameapa, bwana sajini. Kwetu ng’ombe wa kuwekwa hatajwi mwenyewe.”

“Mama, kila mwizi niliyemkamata hapa ameniambia ng’ombe amewekwa tu. Nifanye nini? Niwaachie wote? Mtu wa haki akishikwa hupiga kelele. Mumeo ananyamaza kama jiwe.”

Luciana akasema kwamba hata kama ni mwizi, apelekwe mbele ya mtu anayehukumu. Sajini akajibu kwamba atapelekwa uchunguzi ukiisha. Ukiisha lini? Ukiisha. Kisha, bila kumtazama, akasema kesho alfajiri watamtoa kwenda Wembere, akaonyeshe walikofichwa ng’ombe wale wengine.

Luciana aliijua safari hiyo. Masika iliyopita walimtoa mtu aitwaye Kefa kwenda kuonyesha. Waliporudi askari walirudi peke yao, wakasema alikimbia ikabidi apigwe risasi. Kefa alikuwa na mguu mmoja uliopooza tangu utotoni. Hata mbuzi alikuwa akimshinda mbio, na kijiji kizima kilijua. Lakini uchunguzi ulikuwa unaendelea, na hakuna aliyeulizwa.

Walimruhusu ampelekee mumewe chakula mlangoni. Mughwai alikuja akijikokota kwa matako, kwa maana nyayo zake zilikuwa zimevimba hazikanyagi. Vifundo vya mikono vilikuwa vimechanwa na kamba. Alilipokea bakuli kwa viganja vilivyokunjamana, kama mtu anayekinga maji ya mvua, likamponyoka, na mlenda ukamwagika sakafuni. Mwili wake ulikuwa wa moto. Luciana alihisi joto lile bila hata kumgusa.

Alimsemesha kwa Kinyaturu, chini, upesi. Alimweleza habari ya Wembere. Alimkumbusha Kefa. Alimwomba jina, jina moja tu, akasema yeye ndiye atakayelisema, dhambi iwe yake.

Mughwai alitikisa kichwa.

“Mdomo wangu ndio zizi lake,” alisema. “Nikiufungua, nani ataweka tena ng’ombe kwangu? Nani ataweka kwa mwanangu?”

“Mwanao atakuwa na zizi tupu na baba kaburini.”

“Kaburi lenye jina zuri, mama Kristina.”

Alisema kwa upole, karibu anatabasamu, na hapohapo Luciana akamchukia. Ilikuja ghafla, kama kichefuchefu. Mtu huyu alikuwa ameweka kwenye mizani jina lake upande mmoja, na upande wa pili mke, watoto na huyu aliyekuwa akikoroma mgongoni, na jina ndilo lililokuwa zito. Tena alikuwa hajaona hata haja ya kuwaza mara mbili. Luciana aliokota vipande vya ugali sakafuni kwa vidole, akamlisha kimoja kimoja mpaka askari alipomwambia basi.

Antipasi alikuwa akingoja nje, mbali kidogo, pale ambapo mtu akiulizwa anaweza kusema anapita tu. Akauliza kama kaka yake hajambo. Luciana akamweleza. Antipasi akakung’uta vumbi kwenye kanzu. Kisha akasema wazee wa ukoo wamekwisha kukaa, wamekubaliana kumngoja Bwana Shauri arudi. Na kuhusu jina, kaka anafanya sawa. Kaka ni mwanamume.

“Maiti haina uanaume, shemeji. Haina hata njaa.”

“Sasa wewe unataka tufanye nini? Tuvamie kituo kwa marungu?”

Hakujua alitaka nini. Walirudi njia ileile kati ya majabali, upepo ukiwapiga usoni, Antipasi akieleza mambo ya subira. Luciana alikuwa akihesabu milango aliyogonga. Kwa padre alikwisha kwenda, padre akamwombea. Kwa mwanangwa, mkuu wa kijiji, alikwisha kwenda, naye akamtuma barazani. Baraza nalo limesema mtu asiye na shauri pale haitwi.

Mtu asiye na shauri.

Akasimama. Antipasi akaenda hatua kadhaa mbele ndipo akagundua anazungumza peke yake.

“Nini tena?”

“Yule mwanamke wa Ikungi,” Luciana alisema. “Mumewe walimtoa kambini.”

Antipasi alikuwa mvivu wa vitendo lakini si mjinga. Alielewa upesi, na uso wake ukabadilika. Akamwambia afikiri vizuri. Ndoa yake haikuwa ya kanisani ambapo padre angeweza kukataa. Ilikuwa ya ng’ombe na wazee, na kilichofungwa na wazee hufunguliwa barazani. Neno la kumkataa mume likisemwa mbele ya hakimu, halirudi mdomoni. Ng’ombe wa mahari watadaiwa kwa baba yake. Watoto ni wa ukoo.

“Kristina na kaka yake hutawaona ila kwa mbali, kisimani,” alisema. “Na huyo wa mgongoni, siku akiacha ziwa, nitakuja kumchukua mimi mwenyewe. Sikutishi. Ndivyo ilivyo.”

“Najua ndivyo ilivyo.”

“Na kaka akitoka salama, atasikia mkewe alimkataa siku aliyokuwa taabani. Hatakusamehe. Mimi namjua.”

“Akitoka salama,” Luciana alisema, “na anichukie mpaka azeeke. Uso wa kunichukia atakuwa nao.”

Antipasi akamshika mkono wa nguo. Akasema, kwa sauti ya chini sasa, kwamba wangoje hata kesho, huenda kesho askari wakaghairi, huenda mwenye ng’ombe akatokea usiku. Luciana alimtazama. Aliona kwamba shemeji yake alikuwa anaogopa kweli, na kwamba hofu yake ingekaa vilevile kesho wakati Mughwai akiburutwa kuelekea mbugani, ingekaa hivyohivyo na matanga yangepikwa. Akauondoa mkono wake, akaanza kwenda mbio. Mtoto akaamka, akalia njia nzima.

Barazani watu walikuwa wakitawanyika. Hakimu alikuwa amesimama, kofia mkononi. Karani Urbano alipomwona akasema, “Huyu naye! Mama, tumekwisha funga, labda ukamshtaki mlango.” Wawili watatu wakacheka.

“Nina shauri,” Luciana alisema.

“Nimekwisha kukujibu,” akasema hakimu.

“Lile umenijibu. Hili ni jingine. Namshtaki Mughwai, mume wangu. Sitaki tena kuwa mke wake. Aitwe aje ajibu.”

Kicheko kikakatika. Antipasi alifika mlangoni akihema, akasimama hapohapo kizingitini.

Hakimu Simeoni aliketi tena, akaweka kofia juu ya meza. Alimtazama Luciana kwa muda mrefu, na Luciana akaona kwamba amefahamu yote, kuanzia kambi ya barabara hadi kituo cha polisi. Hakimu akasema maneno yake taratibu ili kila mtu asikie.

“Baraza si mtego wa kunasia polisi, mwanangu. Ukiniambia huu ni ujanja wa kumtoa mtu, nakufukuza sasa hivi, na nitakuwa na haki. Nikimwita na akaja, sitakubali useme hukukusudia. Nitasikiliza shauri, nitaamua, litaandikwa. Kwa hiyo nakuuliza. Unamkataa mumeo kwa kweli?”

Kwa kweli. Luciana alikuwa amekuja akidhani atahitaji kusema uongo, na alikuwa ameuandaa, habari za kipigo na za kunyimwa chakula ambazo hazikuwahi kutokea. Mughwai hakuwahi kumwinulia mkono. Alikuwa ndiye aliyemjengea tembe lenye chumba cha ziada mama yake alipougua, akambeba mama yule mgongoni kutoka kwao. Uongo ule ulikataa kutoka. Kilichotoka kilikuwa kingine.

“Ananyamaza kwa ajili ya mwenye ng’ombe,” alisema. “Mimi nimemwomba anene kwa ajili ya watoto wake, akakataa. Mtu mwingine yuko ndani ya kinywa chake, mimi niko nje. Nimekaa nje hivyo tangu nilipoolewa nisijue. Leo nimejua. Simtaki.”

Alipokwisha kusema akasikia kwamba ni kweli. Si kweli yote. Lakini ilikuwa kweli ya kutosha kusimama mbele ya baraza, na ilimuuma zaidi ya uongo wowote.

“Atakosa watoto, mzee,” Antipasi akasema kutoka mlangoni, na haikujulikana kama anamwonya hakimu au anamwomba. “Mweleze atakosa watoto.”

“Anajua,” hakimu akasema. Kisha kwa Luciana: “Unajua?”

“Najua.”

Upepo ukatikisa bati. Hakimu akamwambia karani akae. Urbano akaketi, akachovya kalamu, na safari hii hakucheka. Akauliza jina la mdai. Kwa mazoea akaanza kuandika mwenyewe, akitamka, “Luciana mke wa Mug—”

“Binti Alute,” Luciana akamkata. “Luciana binti Alute.”

Karani akafuta, akaandika. Luciana akavua kikuku cha shaba ambacho mama mkwe wake alimvisha siku alipoingia nyumbani kwao. Kilikuwa kimekaza kwa miaka, akakivuta mpaka ngozi ya kiganja ikachubuka. Akakiweka juu ya meza kando ya kofia. Hakikuombwa na yeyote. Hakimu alikitazama, akakiacha.

Alimwita tarishi, akampa wito. Akamwagiza amwambie sajini kwamba shauri la mke na mume ni la baraza na halingoji ruhusa ya mtu mwingine. Mdaiwa aletwe leo, kabla jua halijazama. Askari wake na waje naye kama wanaogopa atakimbia.

“Na umwambie jambo moja zaidi,” hakimu akasema. “Baraza halisikilizi mtu mgonjwa. Kwa hiyo nitamtazama mwili kwanza, mbele ya watu, nyayo na mikono. Nikikuta hawezi kujibu, atalala hapa kwangu mpaka apone, na nitamwandikia Bwana Shauri nilichokiona kwa macho yangu. Sitauliza habari za ng’ombe. Hizo ni zake sajini. Mwambie hivyo hivyo.”

“Hawezi kutembea,” Luciana akamwambia tarishi. “Mchukue kwa kitanda cha kamba. Na watu wanne.”

Tarishi akatazama pande zote kutafuta watu wanne. Wawili waliokuwa wakicheka mwanzo wakainuka bila kuambiwa, na mzee mmoja akamsukuma mwanawe. Wakakosa wa nne. Antipasi alikuwa bado kizingitini, akitazama kile kikuku mezani. Kisha akapangusa uso kwa mkono wa kanzu, akaenda nyuma ya baraza kulikokuwa na kitanda cha mlinzi, akashika mguu mmoja.

Walipoondoka, Luciana akamshusha mtoto, akampa ziwa. Kisha akaliacha benchi la nyuma la watu wa mume, akavuka ukumbi, akaketi peke yake kwenye benchi la wadai, karibu na mlango wa kulia, ule aliotokea mwanamke wa Ikungi.